Kusakinisha Michezo Kwenye Hedseti ya Uhalisia Pepe: Mwongozo Kamili kwa Watumiaji wa Mtwara na Lindi

Wengi wanaoniletea hedseti zao hapa Mtwara huja na lalamiko moja: mchezo umekataa kuingia. Nikikaa na kifaa na kukikagua taratibu, mara nyingi nakuta tatizo lilianza muda mrefu kabla ya mchezo wenyewe: hifadhi ilikuwa imejaa, sasisho la mfumo liliachwa nusu, bando liliisha katikati ya upakuaji, au faili moja iliwekwa mahali pasipo pake. Kwa sababu hiyo mwongozo huu unaanza mbali kidogo, na ninakuomba usiziruke hatua za mwanzo hata kama mtoto amekaa pembeni yako akiuliza kila dakika kama tayari.

Nitazungumzia hedseti za Meta Quest, zinazotengenezwa na kampuni inayomiliki Facebook, yaani Quest 2 iliyotoka mwaka 2020, Quest 3 ya mwaka 2023 na Quest 3S ya mwaka 2024, kwa kuwa ndizo ninazokutana nazo zaidi, ziwe zimeletwa na ndugu aliyetoka safari au zimenunuliwa zikiwa zimetumika. Hizi ni kompyuta kamili zinazovaliwa usoni: zina prosesa yake, betri, kamera za kusoma chumba, hifadhi ya ndani na mfumo endeshi uliojengwa juu ya Android. Ukishaelewa kwamba ndani yake mna kitu kinachofanana sana na simu yako, sehemu kubwa ya maelezo yanayofuata haitakuwa ngeni.

Maandalizi ya kifaa na akaunti

Ukinunua hedseti ya mtumba, usimlipe muuzaji kabla hajaitoa kwenye akaunti yake na kuirudisha katika hali ya kiwandani mbele ya macho yako. Hedseti iliyobaki kwenye akaunti ya mtu mwingine itakusumbua kila utakapotaka kuweka mchezo, na kama muuzaji ameshapanda basi la kurudi Dar es Salaam, kumpata tena si kazi rahisi.

Baada ya hapo pakua programu ya Meta Horizon kwenye simu yako, fungua akaunti ya Meta kwa barua pepe unayoimiliki mwenyewe, kisha washa hedseti na ufuate maelekezo ya kuiunganisha na simu. Tangu Agosti 2022 hulazimiki kuwa na akaunti ya Facebook. Akaunti ya kawaida ni ya mtu mwenye umri wa miaka 13 na kuendelea, na mtoto wa miaka 10 hadi 12 hufunguliwa akaunti inayosimamiwa na mzazi. Namsihi mzazi asimwongezee mtoto umri ili kazi iishe haraka, kwa sababu mipaka ya nani anaweza kuzungumza naye ndani ya michezo hutokana na tarehe hiyo ya kuzaliwa, na michezo mingi ya bure ina wageni wanaoongea kwa sauti.

Hatua inayofuata ni sasisho la mfumo. Fungua mipangilio, tafuta sehemu ya sasisho la programu, na uiache hedseti ikamilishe ikiwa kwenye chaji. Hedseti iliyokaa kabatini kwa mwaka mzima inaweza kuhitaji kusasishwa mara mbili au tatu mfululizo, ikijizima na kujiwasha kila mara. Usianze kupakua mchezo wakati kazi hiyo inaendelea.

Kisha angalia hifadhi. Hedseti hizi hazina tundu la kadi ya kumbukumbu, hivyo nafasi uliyonunua ndiyo utakayoishi nayo, na mfumo wenyewe umekwisha kuchukua sehemu yake. Mwenye Quest 2 ya GB 64 anapaswa kuhesabu kwa makini kuliko mwenye Quest 3 ya GB 512. Mimi huacha nafasi tupu inayokaribia mara mbili ya ukubwa wa mchezo ninaotaka kuweka, kwa sababu wakati wa kusakinisha faili zilizopakuliwa na zile zinazofunguliwa huweza kukaa pamoja kwa muda. Ukihitaji kupunguza, anza na video ulizorekodi ukiwa unacheza. Hizo hujaa kimyakimya na watu huzisahau.

Data na umeme

Hapa ndipo watumiaji wa mikoa yetu wanapopoteza fedha, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Kila mchezo dukani umeandikwa ukubwa wake. Usome kabla ya kununua bando. Mchezo wa GB 5, ukipakuliwa kwa kasi ya megabiti 10 kwa sekunde, huchukua zaidi kidogo ya saa 1. Mchezo mkubwa kama Asgard's Wrath 2, ambao peke yake unahitaji GB 30 na ushee, kwa kasi hiyohiyo utahitaji takriban saa 6 na dakika 40, na hapo tunachukulia kwamba mtandao hautayumba hata mara moja. Kwa mtu anayetumia hotispoti ya simu, mchezo wa namna hiyo ni bando zima la mwezi. Ninawashauri wanaoanza wachague michezo midogo kwanza, waizoee hedseti, ndipo wafikirie hiyo mikubwa siku watakapopata Wi-Fi ya uhakika nyumbani, ofisini kwa ruhusa ya mwenye ofisi, au kwa jamaa mwenye mtandao wa waya.

Ukitumia hotispoti, nimeona kazi huwa nyepesi zaidi simu ya pili ikitoa mtandao, na simu yenye programu ya Meta Horizon ikabaki huru kuongea na hedseti kwa Bluetooth. Zima kile kipengele cha simu kinachofunga hotispoti chenyewe baada ya dakika kadhaa. Weka simu karibu na dirisha ambako mnara unashika vizuri, nayo hedseti ikae mita mbili tatu kutoka hapo. Muhimu zaidi, ukishamaliza kupakua, iondoe hedseti kwenye hotispoti hiyo. Ikiwa kwenye chaji na imeunganishwa na mtandao, hedseti hujitafutia masasisho yenyewe, na asubuhi unaweza kuamka ukakuta bando limekwisha bila mtu yeyote kugusa kitu.

Umeme ukikatika katikati ya upakuaji, usiogope. Hedseti ina betri yake, na kinachozimika ni ruta. Upakuaji utasimama, na umeme ukirudi utaendelea pale ulipoachia. Ikiwa haukuendelea wenyewe, fungua orodha ya michezo yako na uuguse tena. Kosa ninaloliona ni mtu kufuta kila kitu kwa hasira na kuanza upya, na zile GB alizokwisha kuzilipia zikapotea. Kwa kuwa betri ya hedseti hizi hudumu kati ya saa 2 na 3 za matumizi, iweke kwenye chaji tangu mwanzo wa kazi, na usiizime kabisa. Iache ilale tu, ukiichungulia kila baada ya muda.

Tarehe 12 Mei 2024, nyaya za baharini za EASSy na Seacom zilipokatika na intaneti ikazorota nchi nzima, nilikuwa na ahadi ya kuandaa hedseti mbili kwa ajili ya vijana wa mtaani na sikuweza kupakua chochote. Tangu siku hizo huhifadhi kwenye diski ya nje nakala ya kila mchezo nilioupata kihalali katika umbo la faili, na njia ya kuutumia nitaieleza baada ya ile ya dukani.

Njia ya kwanza: kupitia duka

Hii ndiyo njia inayomtosha mtu wa kawaida. Fungua duka la Meta Horizon ndani ya hedseti au kwenye simu. Mimi hupenda simu, kwa kuwa kuandika jina la mchezo kwa vidole ni haraka kuliko kulenga herufi moja moja kwa kidhibiti cha mkononi. Tafuta mchezo, hakikisha umeandikwa kwamba unakubali aina ya hedseti yako, kisha uguse kitufe cha kuupata. Kwa mchezo wa bure kama Gorilla Tag hakuna malipo ya kuanzia. Kwa mchezo wa kulipia kama Beat Saber utahitaji kadi: kadi ya benki iliyofunguliwa kwa malipo ya intaneti, au kadi ya mtandaoni ya huduma ya pesa ya simu yako, kama mtandao wako unaitoa. Weka kiasi kinachozidi bei kidogo, kwa sababu makato ya kubadilisha fedha yanaweza kuifanya kadi ikataliwe kwa upungufu mdogo tu.

Ukishaununua kwenye simu, chagua hedseti unayotaka uingie. Hedseti ikiwa imewashwa na ina mtandao, upakuaji utaanza. Ukiuona umesimama kwenye foleni kwa muda mrefu, ivae hedseti, fungua orodha ya programu na uuguse mchezo huo mwenyewe. Mchezo uliolipiwa ambao haukukuridhisha unaweza kuombewa marejesho ndani ya siku 14, mradi hujaucheza kwa saa 2 au zaidi, kwa hiyo ujaribu mapema, usiulimbikize.

Tangu Agosti 2024 michezo ya majaribio iliyokuwa sehemu ya pembeni iitwayo App Lab imeingizwa katika duka kuu. Kazi nyingi za watengenezaji wadogo, ambazo zamani ulizifikia kwa kiungo maalumu, sasa zinaonekana ukiandika jina lake tu. Tafuta dukani kwanza kabla ya kufikiria kompyuta.

Njia ya pili: kupitia kompyuta

Njia hii ni kwa ajili ya michezo ambayo mtengenezaji wake ameamua kuitoa nje ya duka, matoleo ya majaribio, na kazi za vijana wetu wenyewe wanaojifunza kutengeneza michezo. Wapo watu wanaosambaza katika makundi ya simu michezo ya kulipia iliyovunjwa kufuli, nami nakataa kuisakinisha hata nikiombwa na rafiki. Aliyetengeneza mchezo huo huenda ni mtu mmoja au wawili waliokaa nao miaka, na faili iliyopita katika mikono ya wasiojulikana inaweza kubeba programu hatari hadi ndani ya kifaa chenye kamera na maikrofoni, sebuleni kwako.

Kompyuta mpakato ya kawaida ya ofisini inatosha, kwa sababu kazi yake ni kusukuma faili tu. Usiichanganye kazi hii na kucheza michezo ya Steam, duka la michezo ya kompyuta, kwa waya au kwa Wi-Fi, ambako kompyuta ndiyo inayochora picha zote, nayo lazima iwe na kadi ya michoro yenye nguvu.

Kwanza, jiandikishe kuwa msanidi programu kwenye tovuti ya wasanidi ya Meta, kwa akaunti ileile iliyo kwenye hedseti. Utaombwa kutaja jina la shirika. Jina lolote la heshima linafaa. Utaombwa pia kuthibitisha akaunti kwa namba ya simu au kadi. Pili, kwenye programu ya simu, fungua orodha ya vifaa, chagua hedseti yako, ingia katika mipangilio yake na uwashe kipengele kilichoandikwa "Developer Mode". Izime hedseti kabisa na uiwashe tena, maana bila hivyo badiliko huenda lisishike.

Tatu, tayarisha kompyuta. Pakua SideQuest, jukwaa la kuweka michezo ya nje ya duka lililoanza mwaka 2019, na uchague toleo kamili la kompyuta. Kama unatumia Windows, sakinisha pia ile programu ndogo ya ADB kutoka tovuti ya Meta inayoitambulisha hedseti kwa kompyuta. Nne, unganisha kwa waya wa USB-C unaopitisha data. Nyaya nyingi za bei nafuu zinachaji tu, na huwezi kuzijua kwa macho. Ukiona hedseti inachaji lakini kompyuta haioni kitu, badilisha waya kabla ya kubadilisha jambo jingine lolote.

Tano, vaa hedseti waya ukiwa umechomekwa. Ndani yake litatokea swali la kuruhusu kompyuta hiyo. Weka alama kwenye mstari wa kuiruhusu siku zote, kisha uguse "Allow". Wengi hukwama hapa kwa sababu wanaitazama kompyuta huku swali likiwasubiri ndani ya hedseti iliyolala mezani. Ukikubali, SideQuest itaonyesha alama ya kijani juu kushoto. Hapo utachagua mchezo na kuusukuma, au utaburuta faili yako ya APK, yaani faili ya kusakinishia programu za Android, kuingia kwenye dirisha hilo.

Anayependa kuandika amri anaweza kuitumia moja kwa moja ADB yenyewe, yaani chombo cha Android cha kutuma amri kutoka kwenye kompyuta kwenda kwenye kifaa. Amri ya "adb devices" itaorodhesha hedseti; ikileta neno "unauthorized", rudi ndani ya hedseti ukatoe ile ruhusa. Amri ya "adb install" ikifuatiwa na jina la faili ya APK ndiyo inayosakinisha.

Mchezo uliowekwa kwa njia hii huonekana katika orodha ya programu. Usipouona, fungua kichujio cha orodha hiyo na uchague "Unknown Sources".

Mchezo unapofunguka na kujifunga

Michezo mingi mikubwa ina vipande viwili. APK ni programu yenyewe, na faili ya OBB hubeba picha, sauti na mandhari. Ya pili ikikosekana, mchezo huwa umesakinishwa vizuri kabisa lakini hauna cha kuonyesha.

Jioni moja mpwa wangu alivaa hedseti baada ya mimi kumaliza kazi, akasimama kimya kidogo, kisha akasema, "Mjomba, kunakuwa cheusi, halafu kinanirudisha mwanzo." Nikafuta, nikarudia. Hali ikawa ileile. Nikabadilisha waya, nikaizima na kuiwasha hedseti, hadi adhana ya magharibi ikatukuta bado tumekaa mkekani na kompyuta katikati yetu. Ndipo nilipofungua folda kwa utulivu na kusoma njia yake neno kwa neno. Faili ya OBB inatakiwa kukaa ndani ya Android, kisha obb, kisha folda yenye jina kamili la mchezo, kwa mfano com.studio.mchezo. Nilipofungua faili iliyobanwa, kompyuta ilikuwa imetengeneza folda ya jina hilo, na ndani yake folda nyingine ya jina lilelile, na OBB ilikuwa ya ndani kabisa. Mchezo uligonga mlango wa kwanza, haukukuta mtu, ukaondoka. Niliitoa folda ya ndani nikaiweka mahali pa ile ya nje, na dakika moja baadaye mpwa wangu alikuwa ameinua mikono juu akicheka.

Kwa hiyo kagua mambo matatu. Folda iwe moja tu. Jina lake lilingane herufi kwa herufi na jina la mchezo. Namba iliyo katika jina la OBB, mfano ile 12 katika main.12.com.studio.mchezo.obb, iwe ya toleo linalotakiwa na APK uliyosakinisha. Anayetumia amri atasukuma folda nzima kwa "adb push", akiandika jina la folda na kufuatisha /sdcard/Android/obb/ kuwa mahali pa kufikia.

Ujumbe wa INSTALL_FAILED_INSUFFICIENT_STORAGE maana yake ni hifadhi imejaa. Ule wa INSTALL_FAILED_UPDATE_INCOMPATIBLE hutokea pale toleo lililomo lilipotiwa saini tofauti na jipya. Utalazimika kulifuta la zamani kwanza, na kwa michezo iliyotoka nje ya duka ukifuta unaweza kupoteza hatua zote ulizofikia. Kama mtoto ameshafika mbali, mweleze kabla hujafuta.

Jaribio la kwanza chumbani

Mchezo ukishaingia, uufungue mwenyewe kabla ya kumpa mtu mwingine. Utaombwa ruhusa za maikrofoni, hifadhi au kamera; toa zile tu zinazoendana na mchezo, na ukikataa moja inayohitajika utairekebisha katika mipangilio. Chora mpaka wa eneo la kuchezea. Michezo ya kutembea inataka nafasi ya angalau mita 2 kwa 2, na ya kukaa inahitaji kiti tu.

Katika nyumba zetu, tazama juu kabla ya kutazama kando. Pangaboi linalozunguka juu ya kichwa cha kijana mrefu anayeinua mikono ni hatari ya kweli, na mpaka uliochorwa sakafuni hautamwonya. Lizime, au hamia chumba kingine. Usiku umeme ukikatika, kamera za hedseti zitapoteza uwezo wa kuona chumba hata kama betri imejaa. Taa ya kuchaji yenye mwanga mpana husaidia, lakini kibatari hakitoshi.

Kwa joto la pwani yetu, hasa mwezi wa pili, jasho litaingia kwenye sifongo ya usoni na lenzi zitapata ukungu. Mpe kila mchezaji muda mfupi, futa sifongo kati ya mtu na mtu, na lenzi zifutwe kwa kitambaa cha miwani kilicho kikavu, kamwe si kwa ncha ya kanga wala shati, kwa kuwa chembe ya mchanga iliyonasa humo huchora lenzi moja kwa moja.

Ukimaliza, bonyeza kitufe cha kuwashia kwa sekunde kadhaa hadi uulizwe, uchague kuzima. Usiiweke hedseti juu ya kibaraza au dirishani hata kwa muda mfupi sana, lenzi zikitazama nje: lenzi hukusanya jua na kulielekeza kwenye skrini kama kioo cha kuwashia moto, na doa linalobaki haliondoki. Ifunike lenzi, iweke ndani ya mkoba wake mahali pakavu, na viache vidhibiti vya mkononi kando yake, betri zake zikiwa zimetolewa kama hutacheza kwa wiki kadhaa.